Mungu Aliyetoka Kumtafuta Mbuzi

Mwaka wa 1965 nilikuwa na miaka kumi na mmoja, na hapo ndipo shida ilipotukaba. Sisemi kwamba kabla ya hapo tulikuwa matajiri. Tulikuwa watu wa kawaida wa huko chini, upande wa Ishiara, watu wa mtama, mbuzi na nyuki. Baba alikuwa fundi wa mizinga. Alianguka kutoka juu ya mti akitundika mzinga, akafa pale pale, na asali ya mwaka huo hatukuionja. Kisha mvua ikakataa. Tukapanda tena, ikakataa tena. Mbuzi wetu walifika mahali pa kutafuna kamba walizofungiwa, halafu wakafa, wa mwisho akiwa na kipande cha kamba mdomoni.

Nimesoma mpaka darasa la pili na sioni haya kusema. Kiswahili changu nilikiokota sokoni, katika kununua na kuuza mbuzi. Ukikuta kosa humu lirekebishe kichwani mwako uendelee. Nilichokaa chini kuandika si kosa wala sarufi, ni dini ya mama yangu, kwa sababu wajukuu wananiuliza na kila mmoja amesikia kipande chake. Mchungaji wa kanisa letu akisoma atanuna. Anune.

Mama alikuwa Mtharaka aliyeolewa Mbeere. Hakuingia shule hata kuifagia. Alikuwa mwanamke mwembamba, mrefu, mwenye kiburi kuliko mimi, na wanaonijua watasema hilo haliwezekani. Chakula kilipokwisha kabisa alitukusanya sisi watatu: mimi, ndugu yangu aliyenifuata ambaye alikuwa na miaka minane, na dada yetu mdogo wa miaka minne. Akasema tunakwenda juu, Kiirua, mbele ya mji wa Meru.

"Kwenda kuomba?" nikamuuliza.

"Mimi siombi," akasema. "Naenda kwa watu wasioweza kuninyima. Ni vitu viwili tofauti, mzee."

Aliniita mzee kwa sababu nilipewa jina la baba ya baba. Na alichosema juu ya watu wasioweza kumnyima kilikuwa kweli. Huku kwetu kuna undugu unaoitwa gichiaro. Si undugu wa tumbo. Ni mababu wa ukoo mmoja na wa ukoo mwingine waliolishana kiapo zamani, na tangu hapo mtu wa gichiaro chako akija mlangoni na shida humnyimi, na ukimdanganya laana inakufuata mpaka kwa watoto. Ukoo wa mama ulikuwa na gichiaro na ukoo mmoja wa huko Kiirua. Hakuwahi kuwaona hata siku moja. Lakini walikuwepo, kama vile wewe unavyojua kwamba mlima upo hata siku ya ukungu.

"Na wale tutakaowakuta njiani ambao si gichiaro?" ndugu yangu akauliza.

"Hao tutawafanyia kazi watulipe chakula, ama tutawapita."

Basi tukaanza kupanda.

Shida ilikuwa dada yetu. Miguu yake ilikuwa imevimba, ukiibonyeza kidole kinaacha shimo. Nywele zilikuwa nyekundu kama ndevu za mahindi. Watu wa siku hizi wanajua jina la ugonjwa huo, sisi tulijua tu kwamba watoto wenye nywele hizo hawakai sana. Mama alikuwa na kiondo kichwani, chungu mkononi na jembe begani. Kumbeba mtoto ikawa kazi yangu. Siku ya kwanza nilimbeba bila neno. Siku iliyofuata, mahali penye mawe na jua la utosi, nikamweka chini na kukaa.

"Nimechoka. Ashuke atembee kama wengine."

Mama hakunigombeza. Alitua kiondo polepole, akakaa juu ya jiwe, akanitazama.

"Unajua umembeba nani?"

"Nimembeba dada yangu."

"Ndivyo unavyofikiri. Umembeba mbuzi wa Mungu."

Ndugu yangu akacheka. "Mbuzi gani huyu, hana hata mkia!"

"Mbuzi wa huko hawana mikia. Upepo wa mchanga uliipeperusha yote."

"Huko wapi?"

Mama akanyoosha kidole upande ambao hakukuwa na kitu, kuelekea kaskazini, ambako anga lilikuwa jeupe kwa joto. "Kweupe," akasema.

Hivyo ndivyo ilivyoanza. Nataka kuiandika jinsi alivyoisema, bila kuipamba.

Kweupe ni nchi ya mchanga mtupu, mweupe kama unga wa mtama uliokobolewa. Hakuna mti, hakuna mto, hakuna chifu. Usiku wake una miezi miwili. Mmoja ni mzima na hutangulia, mwingine ni kiwete na huja nyuma, na watu wa huko hawaanzi safari mpaka kiwete afike, ndiyo maana nchini kwao hakuna kilema aliyeachwa njiani. Visima vyake hutembea. Ukikitukana kisima kinanuna, kinahamia kwa jirani.

Mungu wa Kweupe alikuwa mchunga mbuzi. Aliishi na watu wake boma moja, akila nao chungu kimoja. Siku moja mbuzi mdogo akapotea, naye Mungu akachukua fimbo akaenda kumtafuta. Alipoondoka tu, kabla hata vumbi lake halijatulia, mbuzi akarudi mwenyewe kwa mlango wa nyuma. Watu wakamwita Mungu, alikuwa ameshafika mbali. Wakangoja, hakurudi, kwa sababu yeye hawezi kurudi bila mbuzi. Basi wakafunga mizigo, wakambeba yule mbuzi, wakatoka kumfuata Mungu ili wamwambie arudi nyumbani, aliyepotea amepatikana. Tangu siku hiyo hawajakaa. Ibada yao ni kutembea. Hawaombi mvua wala ng'ombe wala watoto. Wana habari njema moja ya kumpelekea, basi.

"Kwa hiyo mbuzi akiachwa," mama akamalizia, "watamwonyesha nini wakimkuta?"

Nikainuka nikamtia dada yangu mgongoni. Sikusema nimeamini. Nilisema, "Haya, twende." Lakini uzito ulikuwa umebadilika, na mtu yeyote aliyewahi kubeba mzigo wa gharama atanielewa.

Ndugu yangu hakuacha. Huyo ni mtu wa tumbo tangu azaliwe. "Hao watu wanakula nini huko kwenye mchanga?"

"Wanakula kivuli."

"Kivuli hakishibishi."

"Cha huko kinashibisha. Cha asubuhi ni kirefu, hicho ni cha wakubwa. Cha mchana ni kifupi, hicho wanapewa watoto."

Ilikuwa mchana. Ndugu yangu akatazama kivuli chake chini ya miguu, akachuchumaa, akajifanya anakimega na kutafuna. Akampa dada yetu kipande. Dada akafungua mdomo akapokea.

Dini hiyo ilikua njia nzima. Kila kilima kilikuja na sheria yake. Sheria ya kwanza ilikuwa kwamba msafiri haulizi kumebaki mbali kiasi gani, maana Mungu akisikia atadhani watu wake wamechoka naye. Sheria nyingine ilisema yule aliyembeba mbuzi hatoi tusi, kwa sababu masikio ya mbuzi yako karibu na mdomo wa mbebaji. Hiyo ilinihusu mimi na iliniumiza sana, tena nilikuwa na ndugu anayestahili matusi. Yeye naye alijaribu kuleta zake.

"Mama, huko Kweupe aliye wa katikati kwa kuzaliwa ndiye hupakuliwa kwanza."

"Hiyo haimo."

"Nani kasema haimo?"

"Mimi ndiye niliyefika huko."

"Lini?"

"Ulipokuwa hujazaliwa na nyumba ilikuwa na amani."

Kila asubuhi kabla ya kuondoka mama alitutemea mate kidogo kifuani, baraka ya kwetu, kisha anauliza, "Mbuzi yupo?" Dada yetu anajibu, "Mee!" Ndipo tunaondoka.

Sheria iliyotusaidia zaidi ilikuwa ya kukutana na watu. Mtu wa Kweupe akikutana na mtu humpa kwanza habari ya alichokiona njiani, yenye faida kwa yule mtu, ndipo azungumze mengine. Tulipofika kwenye miinuko ya Chuka, kwenye migomba, watu walikuwa wamechoka na watu wa chini. Sisi hatukuwa wa kwanza kupita. Mama mmoja alisimama kwenye uzio wake akatupokea kwa maneno: "Na nyinyi mmekuja? Mtatumaliza nyinyi, kama nzige!"

Mama yangu akamjibu kwa sauti ya kawaida, "Mama, huko nyuma tumepita mgomba wako wenye mkungu mkubwa. Nguzo yake imeoza. Upepo wa jioni ukija utaangukia mtoni."

Yule mwanamke akatoka mbio na panga. Alirudi na mkungu kichwani, akatuonyesha shamba. Tulimlimia mpaka alasiri, akatupa ndizi za kuchoma na nyingine za njiani, na mimi akanipa shati la mwanawe lililokuwa halimtoshi tena. Mama alipokea kwa mikono miwili. Kwake hiyo haikuwa kuomba, na kweli haikuwa.

Lakini migomba na mashamba hayakumsaidia dada yetu. Alikuwa akila na kutapika. Tulipokaribia mji wa Meru alikuwa mwepesi mgongoni mwangu, na hilo halikunifurahisha. Asubuhi ile tulipoanza kuteremkia mjini mama aliuliza, "Mbuzi yupo?"

Hakujibiwa.

"Mbuzi yupo?"

Dada alikuwa macho. Alimtazama mama tu. Ndugu yangu akasema "Mee" kwa niaba yake, kwa sauti ndogo, na mama akamwambia, "Usidanganye."

Mjini tulipita mbele ya bucha moja yenye baraza. Mwenyewe alikuwa Mwislamu wa mji, mtu mnene mwenye kofia ya kufuma, amesimama nyuma ya gogo lake la kukatia nyama akifukuza nzi kwa gazeti. Ndani kulinukia supu. Miguu yetu ikasimama yenyewe. Mama akamsogelea akafuata sheria.

"Baba, damu imekauka kwenye nyufa za gogo lako. Ndiyo inayoita nzi. Nipe maji na majivu nikusugulie."

Yule bwana akalitazama gogo kana kwamba limemtukana. Kabla hajajibu, mkewe alitokea mlangoni akifuta mikono. Alikuwa amejitanda leso, na Kimeru chake kilikuwa safi kuliko chetu. Hakumsalimia mtu. Alikuja moja kwa moja kwangu, akamchukua dada yangu kutoka mgongoni mwangu, akamgeuzia kwenye mwanga, akambonyeza mguu. Shimo likabaki pale.

"Ya Rabi," akasema. "Mmetoka naye wapi?"

Mama alisugua gogo, nasi tukapewa supu. Dada yetu alinyweshwa na yule mwanamke mwenyewe, kijiko kwa kijiko, na mumewe alipotaka kumtilia mnofu alimpiga mkono. "Nyama leo? Unataka kumzika kesho? Maji ya mfupa, na kidogo kidogo." Tukalala barazani kwao siku hiyo.

Asubuhi mama alikuwa amekwisha funga kiondo. Yule mwanamke akatoka na dada yetu mikononi, akakaa kwenye kizingiti akampakata.

"Mama, niachie huyu."

Mama akakaza kamba ya kiondo.

"Kiirua ni baridi. Upepo wa mlima unaingia kwenye mfupa. Nakuambia ukweli kama mwanamke kwa mwanamke, hafiki."

"Nitamfunika."

"Kwa hiki kishuka? Nakiona mpaka upande wa pili." Akamtengeneza mtoto vizuri. "Mimi Mungu hakunipa. Lakini sikuibii. Nenda kwa watu wako, jengeni, limeni, ukipata nguvu uje umchukue. Mlango huu unaujua sasa."

Mama akaiachia kamba ya kiondo. Nilijua anachopima, hata kwa umri ule. Tukiondoka naye anaweza kufia njiani, mgongoni mwangu. Tukimwacha atakula, lakini huyu ni mtoto wa miaka minne, na nani ajuaye Kiirua kuna nini, na lini tutarudi, na kama atatujua. Mama akanitazama mimi, halafu akautazama uso wa mtoto. Nikaona anataka kusema ndiyo.

Ndugu yangu akapasuka. "Mbuzi haachwi!"

"Mbuzi gani tena?" mwenye bucha akauliza. Alikuwa anatundika nyama kwenye kulabu, na neno mbuzi lilikuwa kazi yake.

Ndugu yangu, machozi na kamasi vikimtiririka, akamweleza yote. Kweupe, miezi miwili, Mungu aliyetoka na fimbo, watu wanaomfuata wasikae. Yule bwana alishusha mguu wa ng'ombe chini.

"Astaghfirullah! Mungu apotee?"

"Hajapotea," ndugu yangu akasema kwa hasira. "Sisi ndio hatujui alipo!"

"Nyamaza, bwana," mke akamwambia mumewe. "Hebu." Na hapa ndipo ninapomheshimu yule mwanamke mpaka leo. Yeye alikuwa na dini yake aliyoshika kweli kweli, na angeweza kutucheka ama kutukemea. Alimgeukia mama yangu akamuuliza kwa adabu, kama mtu wa dini moja anavyomuuliza mtu wa dini nyingine:

"Na huko kwenu, mbuzi akiugua njiani, sheria inasemaje?"

Mama hakuwa na sheria hiyo. Mimi nilijua. Alikuwa hajaitunga. Alitazama mikono yake, majivu ya gogo bado yakiwa kwenye kucha. Gari likapita barabarani, akangoja lipite.

"Mbuzi akiugua," akasema polepole, "msafara mzima unakaa chini. Pale pale alipougulia. Hakuna wa kutangulia na hakuna wa kubaki."

"Na wenye mahali hapo, wao hufanya nini?"

"Wenye mahali hapo..." Akafuta kucha kwenye nguo. "Wao huombwa."

"Huombwa nini?"

"Nafasi."

"Basi omba, mama," yule mwanamke akasema. Hakusema kwa kumdhalilisha. Alisema kama mtu anayekufungulia mlango na kuushikilia.

Na mama yangu, ambaye hakuomba chumvi kwa jirani tangu baba afe, aliyepita nyumba ngapi njiani na shingo yake juu, akasema mbele ya watu asio na kiapo nao, "Naomba."

Mwenye bucha akatazama: mama, mimi, ndugu yangu anayejifuta pua kwa mkono, kiondo, chungu na jembe. "Mimi nilifikiri nakaribisha mbuzi mmoja," akasema. "Kumbe ni zizi zima."

"Kuna chumba cha ngozi nyuma," mkewe akamjibu.

"Kina ngozi!"

"Ndiyo maana kinaitwa hivyo. Zitoe."

Tukakaa chumba cha ngozi. Harufu yake siwezi kuieleza kwa mtu aliyezaliwa juzi. Mama alichota maji, alifua, alisugua lile gogo mpaka likawa jeupe. Sisi wawili tulifundishwa kuchuna, kutia ngozi chumvi na kuiwamba juani. Ujuzi wangu wote wa mnyama, kumjua uzito kwa macho na umri kwa meno, ulianzia pale, na baadaye ndio ulionijenga.

Dada yetu hakupona haraka. Kuna watu wanaosimulia mambo kama haya na mtoto anaamka kesho yake akicheza. Si hivyo. Alipanda akashuka, akapanda akashuka. Wanawake wawili walimpokezana mapajani, mmoja na kijiko, mwingine na kitambaa cha maji. Palikuwa na asubuhi mama hakuuliza kama mbuzi yupo, kwa sababu aliogopa kimya kitakachojibu. Siku hizo aliacha hata kutupa sheria mpya. Ndugu yangu alijaribu kumchokoza: "Mama, huko Kweupe leo wamefika wapi?" Mama akasema, "Wamekaa. Si nimewaambia wamekaa." Na mke wa mwenye bucha, akiwa anachambua mchele, akaongeza bila kuinua kichwa, "Wamekaa, na chai ipo." Tukajua kwamba naye ameingia katika safari.

Uvimbe ulianza kutoka miguuni, ikawa miguu ya ndege. Ukimuona ungesema amezidi kukonda, lakini yule mwanamke alifurahi akasema hayo ndiyo maji mabaya yanaondoka. Halafu siku moja, kwenye jua la saa nne, amewekwa barazani juu ya gunia, ndugu yangu akampitia akamwambia kwa mzaha, "Mbuzi, habari ya leo?"

Dada yetu akamtazama kwa dharau. "Mimi si mbuzi."

"Wewe ni nani?"

"Mimi ni mtu. Wewe ndio mbuzi. Una kichwa kikubwa. Na hilo ni gunia langu, toa mguu!"

Mama alikuwa uani. Alisikia. Alikuja na mikono imejaa povu la sabuni, akasimama mlangoni akicheka, na machozi yakimtoka, na mke wa mwenye bucha nyuma yake akimshika kiuno naye anacheka. Mwenye bucha akauliza kuna nini. Akaambiwa mbuzi amekataa kazi. Akakata kipande cha ini, akakichoma mwenyewe, akampelekea kwenye sahani ya wageni. Siku hiyo mkewe hakumpiga mkono.

Tulipoondoka kwenda Kiirua dada alitembea vipande vya njia kwa miguu yake. Na alivunja sheria ya kwanza kutoka Meru mpaka tunafika: "Bado mbali? Bado mbali? Bado?" Hakuna aliyemkataza.

Mtu wetu wa gichiaro alikuwa mzee mwenye jicho moja. Mama alipojieleza na kutaja ukoo wake, mzee akatuhesabu kwa lile jicho. "Nyinyi wa gichiaro mnajua kuchagua mwaka," akasema. Kisha akatoa kibanda, akatoa kipande cha kulima, akatoa mbegu za viazi. Hakutunyima na hakutabasamu, na mimi naona alitimiza. Miaka yote iliyofuata mama alimheshimu yule mzee. Lakini kila mwisho wa Ramadhani alifungasha kuku na viazi akateremka mjini kwa mwenye bucha, na ile ilikuwa heshima ya aina nyingine.

Sitasimulia nilivyopanda kimaisha. Nililima viazi vya watu, nikalima vyangu. Nikaanza kununua mbuzi huko chini ya Isiolo na kuwaleta juu, kwa miguu mwanzoni, na ndipo nilipoiona nchi kavu yenyewe kwa macho yangu. Niliona mchanga. Niliona watu wanaohama na ngamia, wakitandika mikeka na kusali wakielekea upande wao, watu wa kweli wenye dini ya kweli na visima visivyotembea. Niliporudi nikamwambia mama, "Nimefika huko. Mwezi ni mmoja tu."

Alikuwa akimenya viazi. "Hukufika mbali vya kutosha," akasema.

Alibatizwa uzeeni, akakaa benchi la mbele, akatoa sadaka, hakukosa Jumapili. Siku alipoanza kulala sana nilimuuliza jambo lililokuwa limenikaa miaka yote. Nilimuuliza kama wale watu wa Kweupe walimpata Mungu wao mwishoni.

"Sijui," akasema. "Mimi sikuwa natunga mwisho. Nilikuwa natunga mpaka kona inayofuata."

Akapumua kidogo, halafu akaniambia, "Lakini wewe ulibeba vizuri, mzee." Sijawahi kupewa cheti na mtu, hicho kinanitosha. Tulimzika hapa Kiirua. Mke wa mwenye bucha, mjane wakati huo, aliletwa kwa gari, akashikwa mkono na dada yangu mpaka kaburini. Wote wawili waliitana mama na mwanangu, na hakuna aliyewauliza.

Sasa mali, maana najua wengine mmeruka kurasa kuja hapa. Mimi leo nina ekari kumi na mbili Kiirua, zote na hati. Nina nyumba ya mawe ya vyumba vitano, na tangi la maji. Nina ng'ombe wanne wa maziwa, mbuzi sihesabu kwa sababu ya husuda. Nina bucha mbili, moja hapa na moja mjini Meru karibu na njia ya kwenda Kaaga, na magogo yake yanasuguliwa kwa majivu kila jioni. Nina pikapu moja nzima na moja mbovu. Nina kiwanja Ishiara ambacho sijajenga. Ndugu yangu ana hoteli na tumbo. Dada yangu ana vyake, vingi kuliko vyangu, na nilipomwambia nataka kuviandika alinijibu niandike vya kwangu nimwachie vyake.